Nilimpeleka mama yangu pale Mississippi inapoanzia

Jamani hii post nimekaa nayo tangu Julai, kila nikitaka kuiandika naona bado haijaiva, sasa wikendi iliyopita nimerudi tena kule Itasca ndo nikaona sasa imetimia, kwa hiyo leo watoto wamelala, nimekaa zangu mezani na chai ya tangawizi, naandika mpaka iishe.

Kwa mnaofika hapa mara ya kwanza, mimi ni mtu wa Mwanza ila naishi Minnesota, huku Brooklyn Park pembeni ya Minneapolis, mwaka wa tisa huu. Kazi yangu kuhudumia wazee, shifti za usiku, na wengi mnaosoma hapa mnayajua maisha ya namna hiyo, kazi, usingizi, kanisani, harusi na misiba ya Wabongo na Wakenya, ukigeuka Jumatatu imefika tena. Miaka yote hiyo nawasikia wenzangu kazini kila kiangazi wanasema wanaenda kaskazini, wanaenda maziwani, wanaenda kulala msituni, na mimi kichwani nilishajiwekea kwamba hayo ni mambo ya wenye maboti na mahema. Hakuna mtu aliyewahi kunikataza. Ni mimi mwenyewe tu haikunijia hata siku moja kwamba ule msitu na mimi nina haki ya kuingia, tena kodi nalipa kama wao.

Aliyenitoa ni mama. Alikuja mwezi wa sita kutembea, mara ya kwanza kupanda ndege maishani, na wiki mbili za kwanza nikamzungusha madukani kama tunavyofanyaga wote mgeni akija kutoka nyumbani. Siku moja tumepaki mahali, akawa anaangalia namba za gari la mbele yetu, akaniuliza pale pameandikwa nini. Nikamwambia mama, pameandikwa maziwa elfu kumi, ndo sifa ya jimbo hili. Akanyamaza kidogo. Halafu akasema, "Sasa mwanangu, maziwa elfu kumi, na mimi nimezaliwa Ukerewe nimeuza dagaa Kirumba miaka thelathini, mbona hujanionyesha hata moja?"

Usiku ule ule nikaingia intaneti nikakodi kibanda cha siku mbili.

Itasca State Park ndo hifadhi ya jimbo ya kwanza kabisa Minnesota, ilianzishwa tarehe 20 Aprili 1891. Iko kaskazini, kutoka kwetu ni karibu saa nne kwa gari, unapita mji mdogo unaitwa Park Rapids halafu unakunja kuelekea kaskazini kama maili 20 hivi. Ukishatoka Park Rapids unaanza kuona miti inasogea karibu na barabara, mashamba yanapungua, halafu ghafla pande zote mbili ni paini tu, ndefu, zimenyooka, na mwanga unaingia kwa vipande vipande. Getini sisi tulilipa dola 7 kwa gari zima kwa siku, sio kwa kichwa, hata mngejazana mko saba ilikuwa ni hiyo hiyo 7. Ukiwa unapenda kutembea ulikuwa unalipa dola 35 unaingia hifadhi zote za jimbo mwaka mzima. Nawaandikia hili kwa sababu mimi nilikuwa naamini ni ghali, na imani hiyo ilinikalisha nyumbani miaka tisa.

Ndani kuna maziwa zaidi ya 100. Mia! Kwenye eneo la eka 32,000 na ushee. Lenyewe ziwa Itasca sio kubwa hivyo, ukisimama ufukweni unaiona ng'ambo vizuri kabisa, kwa mtu aliyezoea Nyanza, yaani Ziwa Victoria, ambako ukiangalia maji yanaungana na mbingu unaweza ukaona hiki kiziwa tu. Ila ndo ziwa ambalo mto Mississippi unatoka.

Tulifika pale chanzoni asubuhi ya pili, mapema, kabla watu hawajajaa, na nashauri na nyie mwende mapema kwa sababu saa nne kwenye parking hapatoshi. Unatembea njia fupi msituni, unasikia maji kabla hujayaona, halafu unatokea kwenye uwazi na hiyo hapo Mississippi. Kuna gogo la mti limesimamishwa limechongwa maandishi ya njano kwamba hapa, futi 1,475 juu ya usawa wa bahari, ndo mto mkuu Mississippi unapoanza safari ya maili 2,552 mpaka Ghuba ya Mexico. Na pembeni ya hilo gogo kuna mstari wa mawe makubwa, duara, yamelainika kwa miguu ya watu, ziwa liko upande wa kushoto limetulia kama kioo, na maji yanapenya katikati ya mawe yanaenda zake kulia. Upana ni kama futi 18. Kina hakifiki magotini. Yaani ule mto mnaouona kwenye ramani umeipasua Marekani nzima juu mpaka chini, mtoto wa miaka mitano anauvuka kwa miguu akiwa ameshika biskuti.

Mama alisimama muda mrefu. Mimi nikawa nahangaika na simu, picha, video, we kijana shuka hapo utaanguka, na yeye kimya. Mwisho akaniuliza, "Huu ndo wenyewe?"

Nikamwambia ndo wenyewe mama.

"Mirongo yetu ni mkubwa kuliko huu."

Kweli kabisa, Mirongo pale mjini Mwanza mvua ikinyesha ni mkubwa kuliko Mississippi ya pale. Akavua viatu, akapandisha kitenge akakifunga vizuri kiunoni, akanipa mkono nimshike akaingia. Ila kabla ya hapo alihakikisha wajukuu wake wote wawili wamevaa laifu jaketi, maji ya magotini jamani, na watoto wa Kizungu wote pale wako na kaptula tu. Mwanangu wa kiume akaanza kulalamika kwamba mbona wenzie hawajavaa, bibi yake akamwambia, "Mume wangu, mimi maji nayajua, vaa." Sikumpinga hata neno. Mama ni mtu wa Ukerewe, ile siku kivuko cha MV Nyerere kilipozama Septemba 2018 alikuwa na watu wake kule, na kabla ya hapo MV Bukoba 1996 ilituachia vilio karibu kila mtaa Mwanza. Mtu wa ziwa hachezi na maji, hata yawe ya kiganja.

Akasimama katikati ya mto akainama akachota kwa kiganja akayaangalia. Unaona kila kijiwe chini, vikokoto vya kahawia na vyekundu, na visamaki vidogo kama kucha vinakuja kugusa vidole vya mguu. Akaniambia ziwa letu nalo lilikuwa hivi. Akiwa msichana walikuwa wanachota maji ya kunywa palepale mtumbwini unapoegeshwa, kabla magugu maji hayajaja, kabla furu, wale visamaki wa ziwa letu, hawajaisha. Hakusema kwa kulalamika, alisema kama mtu anayemtaja marehemu.

Nikamwonyesha kibao kwenye sehemu ya kushushia maboti. Huku ni sheria ya jimbo, ukitoa boti ziwani lazima ulisafishe majani yote, ufungue kile kizibo cha chini maji yote yatoke, na unaendesha barabarani kizibo kikiwa wazi, ili usihamishe kidudu au jani la ziwa hili kwenda lile. Akaniambia nimsomee tena. Nikasoma mara ya pili. Akasema, "Basi tu."

Sasa jina. Hili nilikuwa silijui nikalisoma kwenye kile kituo cha wageni, na limenikaa. Mwaka 1832 alikuja mtu anaitwa Henry Schoolcraft, afisa wa serikali ya Marekani, anatafuta Mississippi inaanzia wapi, wenzie kabla yake walishatafuta wakakosea. Aliyemfikisha ni kiongozi wa Waojibwe anaitwa Ozawindib, ndo aliyemwongoza kwa mitumbwi mpaka ziwani. Waojibwe ziwa walikuwa wanalijua na jina wamelipa, Omashkoozo-zaaga'igan, ziwa la yule mnyama wao mkubwa mwenye pembe kama matawi. Schoolcraft akafika, akatunga jina jipya kwa Kilatini, veritas caput, ukweli na kichwa, akakata mwanzo akakata mwisho, kilichobaki katikati ndo Itasca. Na huyo Ozawindib maana ya jina lake ni kichwa cha njano. Kichwa kilichoongoza njia kilikuwepo pale pale kwenye mtumbwi.

Nilipomsimulia mama akacheka kidogo akasema "kama Speke". Ndo hivyo hivyo. Speke alifika Mwanza tarehe 3 Agosti 1858, akaliona ziwa, akaliita Victoria, wakati Wakerewe na Wasukuma wanaliita Nyanza, Wajaluo wanaliita Lolwe, Waganda Nalubaale, na wote walikuwa wanavua humo. Maji yanayotenganisha Ukerewe na bara mpaka leo kwenye ramani yanaitwa Ghuba ya Speke. Mama yangu amezaliwa anayaangalia hayo maji, na jina hilo alilisikia shuleni. Kwa hiyo pale Itasca hatukuwa wageni sana kama nilivyodhani.

Na kuna kingine. Wanasema tone la maji likitoka pale kwenye mawe linachukua karibu siku 90 kufika Ghuba ya Mexico. Mliowahi kufika Jinja mnajua na pale wanasemaga maji ya Nile yanachukua miezi mitatu mpaka Mediterania. Miezi mitatu na miezi mitatu. Viza ya mama ilikuwa imebaki miezi mitatu. Nilihesabu pale pale sikumwambia.

Haya sasa nije kwenye miti, maana ndo iliyonifanya nirudi.

Ukisikia paini, Mtanzania anawaza Sao Hill kule Mafinga, mistari imenyooka, zimepandwa, zitakatwa. Hizi za Itasca hazikupandwa na mtu. Kuna sehemu inaitwa Preachers Grove, ukingoni mwa ziwa, paini nyekundu zilizoota zenyewe baada ya moto wa zamani, zina zaidi ya miaka 250, gome lake limegawanyika vigae vigae vya rangi ya kutu, jua la jioni likipiga mti mzima unakuwa kama mkaa uliokolea. Chini hakuna kichaka, ni sindano zilizokauka tu, ukikanyaga hakuna sauti. Tulikaa pale kwenye benchi na mahindi ya kuchemsha tuliyobeba, hakuna aliyeongea, hata watoto.

Msitu kama huo ulikuwa umefunika sehemu kubwa ya kaskazini ya Minnesota. Baada ya ardhi kuchukuliwa kwa Waojibwe kwa mikataba, eneo hili ni ule wa 1855, makampuni ya mbao yakaingia yakakata kila kitu, magogo yakielea mitoni, na miji mingi ya chini huko imejengwa kwa mbao hizo. Mtu mmoja anaitwa Jacob Brower, alikuja kupima ziwa kumaliza ubishi wa chanzo cha mto, akaona msitu unavyoliwa, akaacha mambo mengine akaanza kupigania hapa pawe hifadhi. Bunge la jimbo likapitisha kwa tofauti ya kura moja. Moja tu! Mtu mmoja angekuwa anaumwa siku hiyo au amechelewa, mimi ningempeleka mama wapi?

Na hata baada ya hapo ukataji haukukoma, kwa sababu ndani ya mipaka kulikuwa na ardhi ya watu binafsi na ya makampuni. Wakata magogo walijenga bwawa kwenye ziwa ili wapandishe maji magogo yao yaelee, maji yakipanda yanaua miti ya ukingoni. Mwaka 1903 aliyekuwa msimamizi wa hifadhi akafariki, na nafasi yake akapewa binti yake, Mary Gibbs, miaka 24. Mwanamke, mwaka 1903, porini, msimamizi wa hifadhi. Simulizi yake wanayo pale hifadhini, kwamba alikwenda mwenyewe bwawani kuwataka wafungue milango maji yashuke, akakuta mtu ana bunduki anatishia kumpiga risasi yeyote atakayegusa, na yeye akaenda akaweka mkono kwenye mpini wa kufungulia. Hawakumpiga. Hakudumu kwenye ile kazi, ilikuwa muda mfupi tu akaondoka, ila kile kituo pale chanzoni leo kinabeba jina lake.

Nimemfikiria sana huyu dada. Miaka 24 mimi nilikuwa naogopa hata kumwuliza bosi kuhusu mshahara.

Usiku tulilala kwenye kibanda cha magogo. Mbu wapo, tena wengi, nunueni dawa ya kupuliza kabla hamjafika. Mama alikuwa na wasiwasi wa malaria nikamhakikishia mbu wa huku wanauma tu hawana malaria, ila alijifunika shuka mpaka kichwani hata hivyo. Na kupe, hili ni la muhimu, mkitoka kutembea kaguaneni, nyuma ya magoti, nyuma ya masikio, kwenye mstari wa chupi, kuna wengine wanaambukiza ugonjwa. Mama alimtoa mmoja shingoni kwa binti yangu kwa kucha mbili haraka haraka, kalelewa na ng'ombe yule, hakuhitaji maelezo.

Basi kama saa tano usiku nikashtuka mama ameniita kwa sauti ya chini, "Mama Neema. Mama Neema. Kuna mtu analia ziwani."

Nikasikiliza. Sauti ndefu inapanda, inakatika, inapanda tena, halafu mbali kule ng'ambo nyingine inajibu. Nywele zilinisimama na mimi nilishasoma habari zake. Ni ndege, wanamwita loon, ndo ndege wa jimbo. Mweusi mwenye madoa meupe mgongoni, macho mekundu, anazama ndani sana kutafuta samaki, na vitoto vyake anavibeba mgongoni. Asubuhi tulimwona kweli, mmoja na kitoto kimoja cha rangi ya kahawia kimekaa juu ya mama yake kama abiria. Loon wa Minnesota majira ya baridi yakikaribia, kabla ziwa halijaganda, wanaruka, na wengi wao wanaenda Ghuba ya Mexico. Kule kule maji yanakoenda. Ila usiku ule hayo yote hayakusaidia, tulitoka mimi na mama tukakaa kwenye ngazi ya kibanda tumejitanda kanga moja, tukasikiliza mpaka wakanyamaza. Akanisimulia mambo ya baba ambayo sikuwahi kuyasikia. Hayo ni ya kwangu siyaandiki.

Siku ya kuondoka tukazunguka ile barabara ya ndani, Wilderness Drive, maili 10, unaenda upande mmoja tu hakuna kurudi nyuma. Kuna mnara wa kuangalizia moto, futi 100, nikapanda na watoto mama akabaki chini anatuangalia ameshika kichwa. Ukiwa juu unaona msitu kama ziwa jingine, unaenda mpaka upeo wa macho.

Tuliposhuka tukamkuta mama amechuchumaa pembeni ya njia. Kuna mche wa paini, urefu wa goti, shina limepinda, juu umekatika. Akaniuliza, "Huu nani kaula?" Nikaangalia, kweli, kile kichomozo cha juu kabisa hakipo, kimeng'atwa, na matawi ya pembeni yanagombania kupanda. Akaangalia huku na huku akaniambia kitu ambacho mimi na saa zangu zote za kusoma intaneti sikuwa nimekiona. "Hapa kuna wazee na kuna watoto wachanga. Vijana wako wapi?"

Ukishaambiwa hivyo unaona kila mahali. Paini kubwa zinagusa mawingu, chini vimiche vya goti, katikati hakuna. Tulipopita kituo cha wageni nikamwuliza mfanyakazi mmoja pale, kijana mpole, akanielezea vizuri sana. Sababu ni mbili. Ya kwanza moto, paini nyekundu inahitaji moto mdogo mdogo wa chini usafishe ardhi mbegu iguse udongo, na kwa miaka mingi watu walizima kila moto wakijua ndo wanalinda msitu. Siku hizi wanachoma wenyewe kwa mpango maalum. Ya pili ni kulungu. Miaka ya nyuma uwindaji ulipigwa marufuku, kulungu wakawa wengi kupita kiasi, na majira ya baridi kila kitu kikiwa chini ya theluji kichomozo cha paini ndo chakula kilichobaki. Wanakula juu, mti hauendi. Mwaka unaofuata wanakula tena. Mche unaweza ukawa na miaka kumi na bado uko kwenye goti.

"Sasa mnafanyaje?" nikamwuliza. Akasema, "Tunavivalisha karatasi." Nilidhani sijamwelewa.

Mama aliondoka Septemba. Oktoba nikarudi na watoto, safari hii kujitolea siku moja ya kuvalisha miche. Na ni karatasi kweli, ya kawaida nyeupe, kipande cha kama kiganja. Unapiga goti kwenye sindano zenye umande, unatafuta kile kichomozo cha juu, unakusanya sindano zake taratibu kwa vidole kama unamsuka mtoto nywele, unazungushia karatasi ipite juu kidogo ya ncha, halafu stepla, pini mbili tatu, na pini lazima ishike na sindano chache vinginevyo upepo unaondoka nayo. Kulungu akija anakuta karatasi, anaacha. Masika mti ukianza kukua unatokeza wenyewe kwa juu. Na mwakani unarudi unauvalisha tena, na mwaka mwingine tena, mpaka uzidi urefu wa mdomo wa kulungu. Mche mmoja mmoja. Kwa mkono. Tulikuwa kundi dogo, wazee wengi, mama mmoja alikuwa na magoti mabovu amekuja na kimto chake cha kupigia magoti.

Tulifundishwa kutofautisha, paini nyeupe sindano zake ziko tano tano, nyekundu ziko mbili mbili na ukizipinda zinavunjika tap. Mwanangu alikuwa anahesabu kwa sauti kila mche, moja mbili tatu nne tano, huyu ni mweupe mama, leta karatasi. Vidole viliganda, hali ilikuwa karibu na sifuri, lakini hakutaka kuondoka.

Jioni nikaenda peke yangu kuutafuta ule mche wa mama, pale karibu na mnara. Nikaukuta. Umeshavalishwa. Karatasi nyeupe safi, pini tatu, mtu mwingine alishapita kabla yangu. Nikachuchumaa palepale alipochuchumaa yeye nikaupiga picha.

Mle ndani netiweki hakuna, picha ilienda nilipofika mjini kula chakula cha usiku. Mwanza kulikuwa kunakaribia kucha. Nilipoamka asubuhi nikakuta voisi ya mama, nyuma yake nasikia majogoo na mtu anafagia uwanja. Amesema ameuona, ameshukuru, Mungu awabariki hao watu. Halafu kimya kidogo, nikadhani imeisha. Halafu, "Na ule mdogo wa kushoto kwake, uliokuwa umejificha kwenye jani?"

Nikafungua picha nikaikuza. Kwenye kona, chini ya jani kubwa la njano, kuna ncha ya kijani.

Mfukoni kwenye koti nilikuwa bado nina karatasi nne na stepla niliyosahau kurudisha. Nikawaamsha watoto.